HEWA YA MTU NI MALI YAKE



Wapo miongoni mwetu wanaouliza: Kagongwa ni wapi hata gazeti letu lipoteze wino kwa ajili yake? Kagongwa ni mji wa mashine za kukoboa mpunga, karibu na Kahama, bara ya mbali. Lakini umeme unaowaka madukani mwetu hauchimbuki Fumba. Huvuka bahari kutoka Ras Kiromoni kwa waya uliolazwa mwaka 1980 na wa pili wa mwaka 2013, na Pemba hupata wake kutoka Tanga tangu mwaka 2010. Kabla ya kufika baharini umekwisha kupita juu ya mashamba ya watu. Basi sisi tu washirika katika jambo hili, tukitaka tusitake.

Tazameni dhulma inavyovikwa kanzu ya maendeleo. Wapimaji huja na vigingi vyao, na mwenye shamba huambiwa: ardhi yako haichukuliwi, waya wapita juu tu, utalipwa miti na kibanda. Na zikiwa ni nguzo ndogo za umeme wa vijijini, huambiwa hapana fidia hata senti moja, kwa kuwa umeme huo ni wake mwenyewe. Ati wake! Chini ya waya mkubwa hajengi nyumba, hapandi mwembe, wala mwanawe hapati kiwanja. Ikiwa huko si kuchukua ardhi, basi neno kuchukua limebadilika maana. Sisi tuliosomeshwa fiqhi tangu udogo twajua kwamba mwenye kiwanja humiliki na hewa iliyo juu yake. Jirani akitokeza boriti juu ya ua wako pasi na idhini yako, kadhi huamuru iondolewe. Waya wa serikali una utukufu gani unaoishinda boriti?

Wala msidhani kuwa sheria za nchi zimenyamaza. Ibara ya 24 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano yakataza mtu kunyang'anywa mali yake pasipo fidia inayostahili. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Nyalali, katika shauri la Lohay Akonaay, iliamua kuwa haki ya ardhi ya kimila nayo ni mali inayolindwa na Katiba, na kwamba fidia haiishii kwenye majengo na mimea. Jasho lililotiwa katika ardhi nalo lina thamani yake. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ikataka fidia iwe kamili, ya haki na ya haraka, na kanuni za mwaka 2001 zikaweka riba kwa anayechelewesha kupita miezi 6. (Neno riba mimi silipendi, lakini mchelewaji sharti aumwe na kitu.)

Basi aliyedhulumiwa aende wapi? Zamani angalikwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, anayelishtaki shirika la umma sharti atoe notisi ya siku 90, amwunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri alifungue Mahakama Kuu. Mtu wa majaruba mawili ya mpunga ashindane na Mwanasheria Mkuu! Ujira wa wakili waweza kuipita bei ya shamba lote. Waliotunga sharti hilo wajua kuhesabu.

Wakubwa hujibu kuwa bila waya hapana migodi wala viwanda. Kweli, na sisi wa Unguja tuliokaa gizani miezi mitatu tangu Desemba 2009 hatuwezi kuudharau waya. Lakini mgodi wa Buzwagi, jirani na Kahama, ulianza kutoa dhahabu mwaka 2009, na kufikia mwaka 2021 kazi ilikuwa imekoma. Mgodi una umri wake. Njia ya umeme haina. Dhahabu ilipimwa kila wakia, na mwenye ardhi ahesabiwe miembe tu?

Tunataka ardhi iliyo chini ya waya ilipwe kama ardhi, kabla ya nguzo kusimamishwa, na mashauri haya yarudishwe katika mabaraza ya wilaya. Wabunge wanaotoka visiwani wana ndimi huko Dodoma; wasimame waulize.