Oti, Tende na Mgonjwa wa Kisukari: Ukubwa wa Kipande ni Sehemu ya Ushauri

Miongoni mwa vitafunwa vinavyouzwa mijini kwa jina la afya, vipande vya oti vilivyookwa na kujazwa tende vimejipatia heshima ya pekee. Huuzwa madukani na kwa oda za nyumbani, hupikwa na watu waliokwisha kuambiwa kliniki kwamba sukari yao imepanda, na hubebwa mikobani siku ya kwenda kupimwa. Mgonjwa akiulizwa amekula nini, hujibu kwa utulivu: "Daktari, hivi havina sukari, ni tende tupu." Naye mhudumu, ambaye nje ya mlango wake kuna foleni ndefu, huchagua jibu moja kati ya mawili: "Vizuri mama, endelea," au "Hapana mama, vitu vitamu acha kabisa." Majibu yote mawili hayatoshi, na la kwanza lina hatari zaidi kwa sababu linampendeza kila mmoja.

Kwamba kitafunwa hiki kina wema wake si jambo la kubishaniwa. Oti ina aina ya nyuzinyuzi iitwayo beta-glukani, ambayo huyeyuka katika maji na kufanya ute mzito tumboni. Ute huo huchelewesha sukari kuingia katika damu. Vilevile hushika sehemu ya asidi za nyongo na kutoka nazo kwa njia ya haja kubwa, na ini hulazimika kutumia lehemu, yaani kolesteroli, kutengeneza nyongo nyingine. Hivyo lehemu mbaya katika damu hupungua. Ushahidi huu ulikuwa na nguvu ya kutosha hata mwaka 1997 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani ikaruhusu vyakula vya oti vitajwe kwenye vifungashio kuwa vinasaidia kupunguza hatari ya maradhi ya moyo. Kiwango kilichowekwa ni gramu 3 za beta-glukani kwa siku. Inafaa pia kuondoa utata mmoja wa lugha: oti si shayiri, ingawa wauzaji wengine huziita kwa jina moja. Ni nafaka mbili mbalimbali, na kwa bahati njema zote mbili zina beta-glukani, kwa hiyo aliyekosea jina hajapotea njia.

Tende nazo si mgeni katika pwani hii. Majahazi yalizileta kutoka Oman na Ghuba kwa upepo wa kaskazi karne nyingi kabla ya kliniki ya kwanza ya kisukari kufunguliwa, na hadi leo hakuna futari inayokamilika bila ya tende. Tende kavu zina nyuzinyuzi na madini, na kasi yake ya kupandisha sukari ni ndogo kuliko utamu wake unavyoashiria. Utafiti uliofanywa Falme za Kiarabu na kuchapishwa mwaka 2011 ulipima aina tano za tende kwa watu wenye afya na kwa wagonjwa wa kisukari cha aina ya pili. Kwa kipimo ambacho glukosi hupewa 100, tende zilipata kati ya 43 na 55 hivi. Matokeo hayo hurudiwa mara nyingi katika mazungumzo ya lishe. Kinachosahaulika ni kwamba kipimo hicho hueleza kasi, hakielezi wingi. Katika kila gramu 100 za tende kavu, kama gramu 64 ni sukari. Kasi ikiwa ndogo na mzigo ukawa mkubwa, mzigo bado utafika.

Hapo ndipo upikaji wenyewe unapaswa kuingia katika chumba cha ushauri, kwa namba. Chukua mapishi ya kawaida yasiyoongezwa sukari yoyote: gramu 240 za oti bapa, gramu 60 za unga wa ngano usiokobolewa, gramu 250 za tende zilizotolewa kokwa, mililita 80 za mafuta ya alizeti, yai moja, mdalasini na chembe ya chumvi. Tende huchemshwa kwa maji kidogo na juisi ya ndimu moja kwa dakika kama kumi, kisha hupondwa kwa mwiko mpaka ziwe rojo. Vitu vikavu huchanganywa na mafuta, yai na vijiko viwili au vitatu vya maji hadi mchanganyiko ushikane ukibanwa mkononi. Nusu yake hushindiliwa katika trei ya mraba yenye sentimita 20 kila upande, tende hutandazwa juu, na nusu iliyobaki hufunika. Huokwa kwa nyuzi 180 za Selsiasi kwa dakika 30 hadi 35. Asiye na oveni huweza kuoka katika sufuria yenye mkaa juu na chini, kama keki za nyumbani zinavyookwa, ila moto wa chini uwe hafifu kwa kuwa tende huungua upesi na kuwa chungu. Jambo moja lisivunjwe: isikatwe mpaka ipoe kabisa, la sivyo itamomonyoka, na aliyevuna vipande visivyo sawa hawezi tena kuhesabu anachokula.

Sasa kisu. Trei hiyo ikikatwa vipande 16 vya sentimita 5 kwa 5, kila kipande kitakuwa na takriban gramu 10 za sukari ya tende, jumla ya wanga gramu 21 hivi, na nishati ya kilokalori 160. Trei ileile ikikatwa vipande 9, kama wauzaji wengi wanavyopenda ili kipande kionekane cha maana, kila kimoja kitakuwa na takriban gramu 18 za sukari, wanga gramu 37 na kilokalori 280. Kijiko cha chai cha sukari kina gramu 4 hivi. Mgonjwa aliyesema kwa moyo safi kwamba kitafunwa chake hakina sukari amekula sawa na vijiko vinne na zaidi, na wanga wote kwa pamoja ni zaidi ya slesi mbili za mkate. Hajadanganya, hakuna aliyemwonyesha hesabu.

Na ile beta-glukani iliyosifiwa? Oti ina takriban asilimia 4 ya nyuzinyuzi hizo. Trei nzima, basi, ina karibu gramu 9.6, na kipande kimoja kati ya 16 kina gramu 0.6. Ili mtu afikie gramu 3 kwa siku kwa njia ya vipande hivi, atahitaji vitano, ambavyo vitamletea pia gramu 50 za sukari ya tende na kilokalori 800. Kiasi hichohicho cha beta-glukani hupatikana katika gramu 75 za oti kavu zilizopikwa uji, kwa kilokalori 300 hivi, bila tende hata moja. Kwa hiyo anayetaka oti kwa ajili ya lehemu na anywe uji. Kipande cha oti na tende ni kitafunwa, na chenye haki ya kuwa kitafunwa. Si dawa, na haipendezi kukiona kikiuzwa kama dawa kwa watu wenye hofu.

Neno "asilia" ndilo linalofanya kazi kubwa katika biashara hii. Asali ni asilia, nayo Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2015, linaihesabu pamoja na sukari huru zinazotakiwa zisizidi asilimia 10 ya nishati ya siku. Ziko trei zinazotangazwa kuwa hazina sukari ilhali zimemiminiwa nusu kikombe cha asali. Kuhusu tende, suala ni laini zaidi. Sukari iliyomo ndani ya tunda zima, hata likiwa kavu, haihesabiwi kuwa sukari huru. Lakini Uingereza, katika fasili inayotumiwa na wataalamu wake wa lishe, huihesabu sukari ya matunda yaliyopondwa kuwa rojo, kwa hoja kwamba kuponda huvunja kuta za seli zilizoifunga. Mtu anaweza kubisha kuhusu mpaka huo. Hawezi kubisha kwamba rojo huliwa haraka kuliko tende nzima yenye kokwa. Anayetafuna tende tatu hujua amekula tatu. Kwenye rojo, idadi hupotea.

Mafuta yanastahili neno fupi. Mapishi mengi ya asili, kutoka Kanada na Uingereza ambako vitafunwa vya oti ni vya kale majumbani, hutumia siagi, na karibu nusu ya uzito wa siagi ni mafuta yanayoganda, yenye kupandisha lehemu mbaya. Mafuta ya nazi, licha ya sifa zake, yana zaidi ya hapo. Kuoka oti kwa ajili ya moyo na kuifunga kwa siagi ni kupanda na kung'oa. Alizeti yatosha.

Wako wagonjwa ambao namba zilizotajwa haziwahusu, au zinawahusu kwa namna nyingine. Mwenye ugonjwa sugu wa figo aliyeelekezwa kupunguza potasiamu aulize kwanza, kwa kuwa kukausha tunda huyakusanya madini yake. Aprikoti kavu zina potasiamu nyingi kuliko tende, karibu mara mbili. Aprikoti zenye rangi ya chungwa inayong'aa mara nyingi zimehifadhiwa kwa dioksidi ya salfa, na baadhi ya wenye pumu hubanwa kifua wakizila. Mtoto asiyetimiza mwaka asipewe chochote chenye asali.

Mhudumu afanye nini, basi, na yule mama aliyekaa mbele yake? Kwanza amuulize kipande kina ukubwa gani na kinachukua nafasi ya nini. Swali la pili ndilo zito. Kipande kimoja kidogo kinacholiwa saa nne badala ya maandazi mawili na chai ya sukari ni nafuu ya kweli: mafuta ni bora, nyuzinyuzi zipo, na shibe hudumu. Kipande hichohicho kikiliwa baada ya maandazi, kwa imani kwamba "hiki ni cha afya", kimeongeza tu. Mwenye kifaa cha kupimia sukari nyumbani apime kabla ya kula na saa mbili baadaye, siku mbili tatu, kisha alete majibu. Damu yake itamweleza kuliko kifungashio. Kliniki nayo inaweza kukata mraba wa karatasi ngumu, sentimita 5 kwa 5, na kumpa mgonjwa aondoke nao. Gharama yake haifiki ya fomu moja. Tena kazi hiyo haihitaji daktari. Afisa lishe au muuguzi ataifanya vizuri zaidi, kwa kuwa ndiye anayebaki na mgonjwa baada ya dawa kuandikwa.

Linabaki jambo moja ambalo kukosea kwake kunaweza kugharimu maisha. Wagonjwa wanaotumia insulini, au vidonge kama glibenklamidi, hushauriwa wasitembee bila kitu cha kuwaokoa sukari inaposhuka, na baadhi yao wameanza kubeba kipande cha oti na tende kwa kazi hiyo. Hakifai. Nyuzinyuzi na mafuta yaleyale yanayokifanya kuwa kitafunwa kizuri ndiyo yanayochelewesha sukari yake, wakati mtu anayetetemeka, kutokwa na jasho na kuchanganyikiwa hana dakika za kusubiri. Sukari ikiwa chini ya milimoli 4 kwa lita, na mgonjwa bado anaweza kumeza, apewe gramu 15 hadi 20 za sukari iendayo kasi: vijiko vinne vya chai vya sukari vilivyokorogwa katika maji, au nusu ya chupa ya soda ya mililita 300, isiwe ile isiyo na sukari. Apimwe tena baada ya dakika 15, na kama bado iko chini arudiwe. Aliyepoteza fahamu asitiwe kitu kinywani, akimbizwe hospitali. Sukari ikishapanda na mtu akarudi katika hali yake, na mlo unaofuata ukiwa bado mbali, hapo ndipo kipande kile kitolewe mkobani, kwa kuwa sasa polepole yake ndiyo inayotakiwa.