Urefu wa Kijana Si Cheti cha Afya

Kila mwaka, ifikapo mwezi wa Juni, klabu za ligi ya mpira wa kikapu ya Marekani, NBA, huteua wachezaji wapya, na wengi wao hutoka katika timu za vyuo vikuu. Wiki chache kabla ya uteuzi huo, vijana wanaotarajiwa hukusanywa mjini Chicago. Hupimwa kimo wakiwa pekupeku, urefu wa mikono iliyonyooshwa, uzito, uwezo wa kuruka na kasi ya mbio fupi. Kisha huingia kwa madaktari, wakachunguzwa magoti, uti wa mgongo na moyo. Kwa msomaji aliyeko Mkunazini au Makunduchi, habari hizi zaweza kuonekana za mbali. Mimi naziona za karibu, kwa sababu kijana wa Kitanzania amewahi kupita katika mizani hiyo, na kwa sababu mizani hiyo inaweza kutufunza sisi wahudumu wa afya jambo ambalo bado hatulitendi ipasavyo.

Tarehe 25 Juni 2009, Hasheem Thabeet, mzaliwa wa Dar es Salaam, aliteuliwa wa pili katika orodha nzima na klabu ya Memphis. Alikuwa na kimo cha mita 2.21, na chuoni Connecticut alisifika kwa kuzuia mipira ya wapinzani. Akawa Mtanzania wa kwanza kucheza katika ligi hiyo. Nyuma yake, katika nafasi ya tatu, aliteuliwa James Harden, na katika nafasi ya saba Stephen Curry, ambaye kimo chake hakifiki mita 1.90. Wawili hao wakaja kuwa miongoni mwa wachezaji wakubwa wa kizazi chao, ilhali Thabeet alicheza mechi 224 katika misimu mitano, kisha akaendelea na mchezo nje ya ligi hiyo. Sisemi haya kumpunguzia heshima. Kufika alikofika ni jambo ambalo Mtanzania mwingine hakuwa amelifikia. Nasema tu kwamba waliomteua walikipima kimo kwa usahihi hadi sentimita ya mwisho, na kimo hicho hakikuweza kuwaambia kesho itakuwaje.

Mwaka huohuo ulikuwa na mfano wa pili, nao unatuhusu zaidi sisi matabibu. Tuzo ya mchezaji bora wa kundi la vyuo la Big East kwa msimu wa 2008 hadi 2009 ilitolewa kwa watu wawili kwa pamoja: Thabeet, na DeJuan Blair wa chuo cha Pittsburgh. Madaktari walipoyachunguza magoti ya Blair walikuta kwamba kano ya mbele, ile inayokatiza ndani ya goti na kulizuia lisiteleze, haipo katika goti lolote kati ya mawili. Aliumia akiwa skuli, akafanyiwa upasuaji, na baada ya miaka kano zile zikawa hazionekani tena. Klabu zikaogopa. Blair akashuka hadi nafasi ya 37. Hata hivyo, katika msimu wake wa kwanza alicheza mechi zote 82, na akadumu katika ligi hadi 2016.

Hawa wawili wakisomwa pamoja, funzo lao ni zito. Yule ambaye umbo lake lilionekana kuwa dhamana hakupata alichotabiriwa, na yule ambaye magoti yake yalionekana kuwa hukumu hakuhukumiwa nayo. Kipimo cha mwili ni habari. Hakitabiri, wala hakikati hukumu. Kazi ya tabibu ni kuifasiri habari hiyo kwa faida ya mwenye mwili.

Wazee walisema, usisafirie nyota ya mwenzio. Tangu 2009, kijana mrefu katika mitaa yetu husikia mara kwa mara kwamba angekuwa Thabeet wa pili. Na njia imezidi kufunguka: Basketball Africa League ilianza kuchezwa Kigali mwaka 2021, na Khaman Maluach, kijana wa Sudan Kusini aliyekulia Uganda, aliteuliwa wa kumi mwezi Juni 2025 baada ya mwaka mmoja tu chuoni Duke. Wasaka vipaji wanaiangalia Afrika Mashariki. Kwa hiyo fomu za afya zitazidi kuletwa mezani kwetu, na ni vyema tuulizane sasa tutazijaza vipi.

Hoja yangu ni hii: fomu ya afya ya mwanamichezo ni uchunguzi wa mgonjwa anayeweza kuwapo, si muhuri wa safari; na anayeijaza humtumikia kijana, si klabu wala wakala.

Tuanze na mikono. Msaka vipaji hufurahi akikuta mikono iliyonyooshwa ina urefu unaozidi kimo, kwa kuwa mkono mrefu huzuia na kudaka vizuri. Daktari akikuta urefu huo umezidi kimo kwa zaidi ya asilimia 5, yaani kijana wa sentimita 200 mwenye mikono inayozidi sentimita 210, hujiuliza swali jingine: je, huu si ugonjwa wa Marfan? Huu ni ugonjwa wa kurithi wa tishu zinazoshikanisha mwili. Humrefusha mtu, humpa vidole virefu na viungo vilegevu, humpinda mgongo au kumbonyeza kifua, huweza kuitoa lenzi ya jicho mahali pake, na zaidi ya yote huupanua polepole mshipa mkuu utokao moyoni, aota, hata siku moja ukuta wake ukachanika. Wachezaji wengi wa kikapu wana mikono mirefu na ni wazima kabisa, hivyo kipimo hicho peke yake hakithibitishi kitu. Kikiandamana na dalili nyingine, hakifai kupuuzwa.

Isaiah Austin wa chuo cha Baylor alikuwa na kimo cha mita 2.16. Jicho lake la kulia lilikuwa halioni baada ya retina kuachia, jambo ambalo linaweza kuambatana na ugonjwa huu. Mwaka 2014, siku chache kabla ya uteuzi, uchunguzi uliotokana na kipimo cha moyo ulionyesha kwamba ana Marfan, na ndoto yake ya NBA ikaishia hapo. Baadaye, baada ya kufuatiliwa kwa muda, daktari wake alimruhusu kurudi uwanjani, akacheza katika nchi nyingine. Mfano wa Flo Hyman, mchezaji wa mpira wa wavu wa Marekani, ulikuwa mchungu zaidi: alifariki katikati ya mechi nchini Japani mwezi Januari 1986, akiwa na miaka 31, na ugonjwa wake ukajulikana baada ya kifo.

Sasa tutazame anayetumikiwa. Hank Gathers wa chuo cha Loyola Marymount, kijana aliyetarajiwa kuteuliwa, alianguka uwanjani Desemba 1989. Ikagundulika kwamba mapigo ya moyo wake si ya kawaida, akapewa dawa, akarudi kucheza. Tarehe 4 Machi 1990 alianguka tena mbele ya watazamaji, akafariki. Alikuwa na miaka 23. Miaka 33 baadaye, Julai 2023, Bronny James alisimama moyo akiwa mazoezini katika chuo cha Southern California. Aliokolewa, kasoro ya moyo aliyozaliwa nayo ikapatikana na kutibiwa, na kabla ya uteuzi wa 2024 jopo la madaktari la ligi lilimchunguza na kumruhusu. Akateuliwa wa 55. Tofauti ya visa hivi viwili ina sababu nyingi, na ujuzi wa leo ni mkubwa kuliko wa wakati ule. Ninachosisitiza ni kwamba katika kisa cha pili swali la usalama lilipewa watu ambao hawakuwa na mechi ya kushinda kesho yake.

Huku kwetu, fomu mara nyingi huletwa siku moja kabla ya kambi au safari. Anayeileta huwa na haraka, na foleni ya wagonjwa ni ndefu. Uzito huandikwa, shinikizo la damu huandikwa, muhuri hugongwa. Naijua foleni hiyo, na simlaumu anayekabiliana nayo. Lakini uchunguzi unaofaa hauhitaji mashine tusiyokuwa nayo. Unahitaji takriban nusu saa, utepe wa kupimia, kipimo cha shinikizo la damu na stetoskopu. Kituo cha afya chochote Unguja chenye vitu hivyo kinaweza kuufanya.

Kwanza, tuulize. Je, umewahi kuzirai au kupata maumivu ya kifua ukiwa unakimbia? Je, hukosa pumzi mapema kuliko wenzako? Je, uliwahi kuugua homa yenye maumivu ya viungo yanayohamahama, baada ya koo kuuma? Swali hili la mwisho ni letu hasa, kwa kuwa homa hiyo huharibu vali za moyo za watoto wengi wa Afrika Mashariki. Kisha tuulize kuhusu ukoo: yupo ndugu wa damu aliyefariki ghafla kabla ya kutimiza miaka 50? Vifo vya namna hiyo watu huvieleza kwa maneno mbalimbali: amri ya Mungu, jicho baya, presha, maji yalimzidi. Muuguzi asibishane na maneno hayo. Aulize kwa upole marehemu alikuwa na umri gani na alikuwa akifanya nini. Mwogeleaji hodari aliyezama bila sababu ni habari muhimu kwa daktari wa moyo.

Pili, tupime. Tuguse mapigo ya mkono na ya kinena kwa wakati mmoja. Tuusikilize moyo kijana akiwa amelala, kisha akiwa amesimama, kwa kuwa mngurumo unaozidi anaposimama unaweza kuashiria kunenepa kwa misuli ya moyo. Tumwambie akunje ngumi akiwa amekifungia kidole gumba ndani, tuone kama ncha yake inachomoza upande wa pili. Tukikuta lolote la kutia shaka, tumpeleke Hospitali ya Mnazi Mmoja, na ikibidi Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, Dar es Salaam.

Tatu, tusisahau selimundu. Tanzania ni miongoni mwa nchi zenye watoto wengi zaidi duniani wanaozaliwa na ugonjwa huo, na wanaobeba urithi wake wa upande mmoja bila kuugua ni wengi zaidi. Mwaka 2010 vyuo vya Marekani vya daraja la kwanza vilianza kuwataka wanamichezo wapimwe urithi huo au watie saini kukataa. Mwenye nao hazuiwi kucheza. Huhitaji maji ya kutosha, mazoezi yanayoongezwa hatua kwa hatua, na ruhusa ya kupumzika anapolalamika. Katika joto la kaskazi, ruhusa hiyo isionekane uvivu. Na katika Ramadhani, mazoezi mazito yasogezwe baada ya futari.

Wapo watakaouliza: kwa nini tusimfanyie kila kijana kipimo cha umeme wa moyo? Sipendekezi hivyo. Moyo wa mwanamichezo mwenye asili ya Afrika mara nyingi huonyesha mabadiliko yanayofanana na ugonjwa ilhali ni mzima. Kipimo bila msomaji mzoefu kitawatisha wengi na kuwazuia wasiostahili kuzuiwa. Wengine watasema kwamba uchunguzi utawafungia vijana wetu mlango. Jibu langu ni magoti ya Blair na moyo wa James. Ugonjwa uliojulikana mapema huweza kutibiwa au kuishi nao. Usiojulikana ndio unaomwangusha mtu uwanjani. Na kwa kuwa hakuna uchunguzi unaonasa kila kitu, walimu wa michezo wafundishwe kukandamiza kifua cha aliyeanguka tangu dakika ya kwanza.

Linabaki suala la siri. Wakala akiomba matokeo yote, asipewe. Napendekeza fomu zetu ziwe na majibu matatu tu kwa klabu: anafaa, anafaa kwa masharti, au anahitaji uchunguzi zaidi. Maelezo ya ugonjwa ni ya kijana, na akiwa chini ya miaka 18, ni yake na wazazi wake. Habari hizo zina bei sokoni. Kwa mikono ya wengine zinaweza kumshusha kijana thamani, au kumsukuma aufiche ugonjwa wake.

Nawaomba wazazi jambo moja. Mtu akija kumsifu mwanao kwa urefu wake na kuahidi safari, mpeleke mtoto kituo cha afya wiki kadhaa kabla ya tarehe ya kambi, nenda naye, na useme ukweli wote kuhusu ukoo wenu. Nasi wauguzi na madaktari, tukiletewa fomu hiyo, tuweke muhuri pembeni kwanza, tumwambie kijana akae, tuanze kuuliza.