Mukeke wa Dakika Tano

Hapa Buyenzi wapo wazee wanaosema samaki wa maikrowevu si samaki, eti bila mkaa mukeke hana ladha. Kwa harufu ya moshi hatubishani nao. Lakini tunauliza: mwezi wa Ramadhani, adhana ya Magharibi inapolia, nani bado yuko jikoni anapuliza mkaa? Ni mama, naye amefunga kama sisi.

Mukeke mbichi wa ziwa letu la Tanganyika ana nyama laini, hahitaji moto mrefu. Mkate vipande, mtie chumvi, ndimu, kitunguu saumu na nyanya, umfunike katika bakuli la kioo, kamwe lisiwe la bati. Vipande viwili huiva kwa dakika nne au tano hivi, kutegemea nguvu ya mashine. Nyama ikiwa nyeupe mpaka ndani na kuachana na mfupa, tayari. Ndagala wakavu waacheni kwenye mafuta, hapo maikrowevu haiwezi kitu.

Umeme ukikatika tunarudi kwenye mbabula, na zamu hiyo tunaona iwe ya vijana wa kiume. Wengi wao hata kupara samaki hawajui, na mezani ndio wa kwanza.