Maumivu ya Mguu si Jina la Ugonjwa

Miezi kadhaa iliyopita nilikwenda hospitali nikichechemea. Nyuma ya kisigino palikuwa pamevimba, na hatua za kwanza za kila asubuhi zilikuwa adhabu. Daktari alipapasa, akanieleza bila kusita kuwa kano ya Akilisi imeathirika. Kisha akageukia kompyuta na kuandika M79.6, yaani maumivu ya mguu au mkono, basi. Alijua ninachoumwa, lakini aliandika ninacholalamikia. Wiki mbili baadaye bima ilikataa kulipia fiziotherapia, kwa hoja kwamba maumivu ya mguu hutibiwa kwa vidonge.

Mimi nina mshahara, nililipa mwenyewe. Lakini mpagazi wa sokoni, mlinzi anayesimama usiku kucha na mfanyakazi wa kiwandani watalipiwa na nani?

Wapo watakaosema kuwa namba hizi ni kazi ya makarani. Nawapinga. Zinatoka katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, ambao chimbuko lake ni orodha ya sababu za vifo aliyoiandaa Jacques Bertillon mwaka 1893, na ambao tangu 1948 uko chini ya Shirika la Afya Duniani. Katika toleo lake la kumi, M76.6 ni uvimbe wa kano ya Akilisi, M76.7 ni uvimbe wa kano za upande wa nje wa kifundo cha mguu, na M72.2 ni maradhi ya utando wa unyayo. Kano ikikatika yenyewe, bila kishindo kutoka nje, huingia M66. Ikijeruhiwa, ni S86.0.

Tazama basi siasa iliyojificha katika herufi moja. M humfanya mtu mgonjwa. S humfanya majeruhi. Mpagazi aliyebeba magunia kwa miaka kumi, kano yake ikakatika siku moja akiwa anapanda ngazi mikono mitupu, ataambiwa hakupata ajali. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 inatambua ajali na pia magonjwa yatokanayo na kazi, lakini ugonjwa huo utathibitishwa vipi ikiwa faili linasema tu "maumivu ya mguu"? Uainishaji huo una hata namba Y96, ya kuonyesha kwamba hali ya mgonjwa inahusiana na kazi. Siku ile mimi sikuulizwa hata ninafanya kazi gani. Na yule asiye na mwajiri wa kumwandikisha, sheria hiyo haimfikii kabisa. Angalau takwimu zingemtambua.

Kuna hatari nyingine iliyo kimya zaidi. Mwaka 2008 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani iliagiza onyo kali liwekwe kwenye dawa za kundi la siprofloksasini, kwa kuwa zinaweza kusababisha uvimbe na hata kukatika kwa kano. Hapa kwetu dawa hiyo hununuliwa dukani kama njugu. Ni wangapi wameathirika? Hatuwezi kujibu, kwa sababu kano zao zimezikwa ndani ya neno "maumivu".

Najua hoja ya upande wa pili. Tabibu ana foleni hadi nje ya mlango, na Wamarekani wamefika mahali pa kutenga M76.61 kwa mguu wa kulia na M76.62 kwa wa kushoto, jambo linalomfaa zaidi mtoza malipo. Sidai hayo, wala simlaumu daktari wangu. Namlaumu aliyempa mfumo unaopokea jibu lolote ilimradi kisanduku kimejazwa, kisha akaja mwisho wa mwaka kupanga bajeti kwa takwimu hizo hizo. Fiziotherapia haitapata fungu ikiwa wanaoihitaji hawaonekani katika kitabu chochote.

Toleo la kumi na moja la uainishaji huo lilianza kutumika rasmi Januari 1, 2022. Tukihamia humo na mazoea yale yale, tutakuwa tumebadili namba tu. Ninachodai ni kidogo: mgonjwa aulizwe kazi yake na jibu liandikwe, tabibu akiwa amekwisha kutambua ugonjwa, aandike ugonjwa na si dalili, na wanafunzi wa udaktari wafundishwe kuwa kuandika ni sehemu ya kutibu.

Nanyi watumishi wa umma mnaosoma hapa, msiseme wananchi hawaugui kano. Semeni hamjawahesabu.