Mtoto wa snuka na baba anayetazama

Steve Davis alikuwa na miaka 12 baba yake, Bill, alipomwonyesha snuka katika klabu moja ya wafanyakazi jijini London. Bill alikuwa mpenzi wa mchezo tu. Alimpa mwanawe kitabu cha Joe Davis, bingwa wa dunia mara 15 (wala si ndugu yao), wakakisoma pamoja. Kati ya 1981 na 1989 kijana huyo alitwaa ubingwa wa dunia mara sita.

Wazazi wengi hulipia meza tu. Mtoto anacheza gemu baada ya gemu, anarudi amefungwa, na kosa lake halijui.

Aanze na mpira mweupe peke yake. Auweke kwenye alama ya mpira wa kahawia, aupige upite juu ya alama za buluu, waridi na nyeusi hadi ukingo wa mbali. Ukirudi kwenye ncha ya fimbo, kapiga sawa. Ukienda pembeni, ameugonga ubavuni bila kujua. Mzazi asiyejua kucheza anafaa sana hapa: asimame nyuma, atazame fimbo, asifoke. Mapigo 10, matokeo yaandikwe kwenye daftari.

Kisha mipira myekundu mitatu ipangwe mstari mmoja katikati ya meza. Kila akitumbukiza mwekundu, atumbukize na wa rangi. Akimaliza yote bila kukosa, kesho iwe minne. Akikosa, ibaki mitatu, hata akinuna.

Meza ya pool ya mtaani nayo inafaa, ila ni fupi. Kosa dogo hujificha.