Jina la Mnyama wa Kale Hutoka Wapi?

Kwetu pwani mtoto hapewi jina ovyo ovyo. Huadhiniwa sikioni, hungojewa siku ya saba, huchinjiwa akika, na jina lake hutajwa mbele ya jamaa. Wote waliohudhuria hujua jina hilo limetoka wapi: ni la babu, au la mtume, au la mja mwema. Na chuoni tulifunzwa tungali wadogo kuwa Mwenyezi Mungu alimfundisha Nabii Adamu majina ya vitu vyote, na kwa elimu hiyo akatukuzwa mbele ya malaika. Basi jina si sauti tupu. Jina ni elimu, tena ni ushahidi.

Nimeyakumbuka hayo kwa sababu ya mnyama aliyekufa zamani mno akapewa jina katika zama zetu. Mwaka 2019, kaskazini ya jimbo la Montana nchini Marekani, kilomita chache tu kutoka mpaka wa Kanada, ilipatikana mifupa ya dinosaria mwenye pembe. Mwezi wa Juni 2024, wataalamu wakiongozwa na Mark Loewen na Joseph Sertich walitangaza kuwa huyu si katika jamii zilizokwisha kujulikana, bali ni wa jenasi mpya. Wakamwita Lokiceratops rangiformis.

Alikuwa mnyama wa majani, urefu wake kiasi cha mita 6.7 na uzito wake yapata tani 5, aliyeishi miaka milioni 78 iliyopita. Puani hakuwa na pembe kama wengi wa jamaa zake. Lakini juu ya ngao ya mfupa iliyofunika shingo yake zilitokeza pembe mbili kubwa zilizopinda mithili ya majambia, na baina yao vijipembe viwili visivyolingana. Kwa ajili ya vijipembe hivyo akafananishwa na kulungu wa nchi za theluji, na hiyo ndiyo maana ya neno rangiformis.

Je, na hilo neno la kwanza? Loki ni mungu wa hadithi za watu wa kale wa kaskazini ya Ulaya, kabla hawajaingia Ukristo, mjanja na mwenye hila. Amefikaje Montana? Sheria ya Marekani husema kuwa mifupa ya kale ikipatikana katika shamba la mtu ni mali ya mwenye shamba, naye aweza kuiuza. Mifupa hii ilitoka katika ardhi ya namna hiyo, ikanunuliwa na makumbusho ya Maribo, huko Denmark. Wataalamu wakaona vyema jina liheshimu makao mapya ya mifupa, tena lioane na zile pembe zilizofanana na silaha. Hivyo mnyama aliyeishi na kufa Marekani akapata jina la ng'ambo ya bahari.

Sipendi kuwaonea watu hawa. Walioinunua mifupa waliiweka mahali ambapo mtaalamu yeyote aweza kwenda kuitazama. Hilo si jambo dogo, kwani mwezi mmoja baadaye, Julai 2024, mifupa ya dinosaria mwingine iliuzwa mnadani New York kwa dola milioni 44.6, ikanunuliwa na tajiri mmoja. Makumbusho gani ya nchi maskini yatashindana na bei kama hiyo? Na elimu ya mifupa ni kama elimu ya hadithi: isiyo na isnadi haikubaliwi. Lazima pawe na asili ya kurejewa, ili atakayekuja kesho ahakikishe kauli ya leo.

Hata hivyo, jina lingeweza kutoka kwingine. Ng'ambo tu ya mpaka huo, katika jimbo la Alberta nchini Kanada, aliishi jamaa yake Lokiceratops. Mifupa yake iligunduliwa mwaka 2010 na mwanamke mmoja hodari wa kutafuta, Wendy Sloboda. Walipompa mnyama huyo jina mwaka 2015 walimwita Wendiceratops. Chanda chema kilivikwa pete.

Msomaji ataniuliza, ya Montana yatuhusu nini sisi? Yatuhusu kwa kuwa katika pwani yetu hii, upande wa Lindi, Wajerumani walichimba mifupa ya dinosaria pale Tendaguru tangu 1909 hadi 1913. Nchi ilikuwa haijapoa vidonda vya Maji Maji. Mamia ya vibarua walichimba, wapagazi wakabeba mizigo hadi bandarini Lindi, mifupa ikasafirishwa Berlin. Aliye mkubwa kuliko wote amesimamishwa huko tangu 1937, urefu wake kwenda juu umepita mita 13. Jina alilopewa mwaka 1914 ni Brachiosaurus brancai, kwa heshima ya Wilhelm von Branca, mkuu wa makumbusho ya Berlin zama hizo.

Na msimamizi wa wachimbaji alikuwa nani? Alikuwa Boheti bin Amrani. Jina lake halikutiwa katika mnyama yeyote hadi mwaka 2007, alipotangazwa Australodocus bohetii, dinosaria wa Tendaguru hiyo hiyo. Ilikuwa imepita miaka 94 tangu uchimbaji kwisha.

Na kanuni ya kimataifa ya majina ya wanyama ni hii: jina halali lililotangulia ndilo lishikwalo, wala halibadilishwi kwa kuwa watu hawalipendi. Yule wa Berlin sasa huitwa Giraffatitan, lakini brancai limebaki pale pale. Kwa hiyo haki ya jina hutendwa siku ile ile ya kutajwa. Ikikosewa, hungojea mnyama mwingine.

Sisemi tulie juu ya majina ya jana. Nasema vijana wetu wasiishie kushika majembe na kubeba mizigo. Wasomee elimu ya miamba na mifupa, wawepo mezani pale jina linapoandikwa. Mkenya mwenzetu, marehemu Kamoya Kimeu, alianza kwa kuchimba akawa bingwa wa kuvumbua, na mwaka 1995 nyani wa kale akaitwa Kamoyapithecus kwa ajili yake. Wahenga walisema jina jema hung'ara gizani. Naam, lakini kwanza sharti apatikane mtu wa kulitaja.