Mumiani wa Kwenye Filamu



Mama mmoja wa Makina, Kibera, ametuandikia kuwa mwanawe wa miaka 12 alitazama filamu ya Daybreakers katika kibanda cha video. Tangu siku hiyo halali ila taa iwe inawaka. Mama anauliza: je, viumbe hao wapo, na amfanyeje mtoto?

Filamu hiyo ni ya mwaka 2009, kazi ya ndugu wawili, Michael na Peter Spierig. Inasimulia ulimwengu ambamo maradhi yamewageuza watu karibu wote kuwa wanyonya damu. Wao ndio wenye serikali, jeshi na kampuni. Wanadamu wachache waliosalia huwindwa, wakafungwa kwenye mitambo na kukamuliwa damu. Damu inapoadimika, wenye njaa hugeuka mahayawani na kushambulia hata wenzao.

Hayo ni ya kubuni. Hata wazee wetu wa pwani waliwahofu mumiani, na Nairobi ya wakoloni ilivumishwa kuwa wazimamoto huteka watu usiku na kuwatoa damu. Ulikuwa uvumi, lakini ulizaliwa na uchungu wa watu waliotozwa kodi na kutumikishwa. Hadi leo dhalimu tunamwita mnyonyaji.

Mwenyezi Mungu ametuharamishia damu imwagikayo katika Suratul An'aam, aya ya 145. Ametuharamishia na riba katika Suratul Baqara, aya ya 275, akamfananisha mla riba na aliyepagawa na shetani. Anayemkopesha mjane fedha ya unga kisha akamdai maradufu hana meno marefu, lakini anakula jasho la yatima.

Mama, usimpige mwanao wala usimcheke. Baada ya Isha keti naye, umwache asimulie alichokiona mpaka amalize. Msome pamoja Ayatul Kursiy, Ikhlas, Falaq na Nas kabla ya kulala. Kisha mweleze mnyonyaji wa kweli ni nani, ili akikua asiwe mmoja wao.

Na kibanda kisisahauliwe. Bodi ya Kuainisha Filamu ya Kenya huweka umri wa watazamaji kwa kila filamu inayoiainisha. Akina mama wa mtaa, nendeni pamoja kwa mwenye kibanda, mumwambie kwa upole kuwa wateja wake wengine ni watoto. Mmoja hupuuzwa, kumi husikizwa.

Allah awalinde watoto wetu na kila dhalimu. Amin.